Lugha ya Uani na Lugha ya Mtihani

Lugha ya uani katika nyumba za kupanga za Temeke na Kinondoni ni Kiswahili, hata pale ambapo hakuna mpangaji hata mmoja aliyelelewa nacho. Nyumba zenyewe zinajulikana: varanda mbele, koridoo katikati, vyumba sita au vinane vinavyotazamana, na nyuma uani, penye bomba, choo cha pamoja na majiko ya mkaa, kila mwenye chumba na lake. Chumba kimoja kapanga Mmakonde wa Newala, cha pili mtu na mkewe kutoka Same, cha tatu kijana wa Kisukuma anayeendesha bodaboda. Chumba cha mbele anakaa mwenye nyumba, bibi wa Kizaramo aliyerithi kiwanja tangu kikiwa shamba la mikorosho. Usiku milango ikishafungwa, ndani husikika Kimakonde na Kipare, na kijana akipiga simu kwao Shinyanga husikika Kisukuma. Alfajiri foleni ya bomba ikianza, kila mmoja anaiacha lugha yake chumbani. Shikamoo, za kuamka, nani kamaliza maji, leo zamu ya nani kufagia: yote kwa Kiswahili. Hakuna aliyepitisha sheria hiyo. Ila wapangaji wawili wakikaa uani na kupiga kilugha mbele za wenzao, mara moja watadhaniwa wanamsengenya mtu, na mwenye nyumba ana haki ya kuwauliza.

Sensa ya mwaka 2022 iliwakuta mkoani Dar es Salaam watu 5,383,728. Temeke peke yake ilikuwa na watu 1,346,674 na Kinondoni 982,328, na hapo Kigamboni na Ubungo zilikuwa zimeshamegwa na kuwa wilaya zao. Sensa hiyo iliuliza umri, elimu, kazi, aina ya paa na aina ya choo. Haikuuliza kabila wala lugha ya mama. Mara ya mwisho Serikali kuwauliza wananchi kabila lao katika sensa ilikuwa mwaka 1967, na tangu hapo swali hilo limeachwa kwa makusudi, kwa hoja kwamba taifa changa halina haja ya kuwahesabu watu wake kwa mafungu ya asili. Kwa hiyo nchi yenye lugha zaidi ya 120, za Kibantu, za Kinailoti, za Kikushi, pamoja na Kisandawe na Kihadza ambazo hazina jamaa wa karibu, haina takwimu rasmi inayoonyesha Mbagala wanazungumza nini au Tandale wanazungumza nini. Kazi ya kuziorodhesha lugha hizo ilifanywa na wanaisimu wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam katika Mradi wa Lugha za Tanzania, waliotoa Atlasi ya Lugha za Tanzania mwaka 2009.

Sera ya lugha ya nchi ina mizizi mirefu kuliko uhuru. Wajerumani walikikuta Kiswahili kimeshafika bara kwa njia za misafara, wakakitumia kwa maakida na makarani wao. Waingereza wakakisanifu: mkutano wa Mombasa wa mwaka 1928 ulichagua Kiunguja kuwa msingi, na Kamati ya Lugha ya Afrika Mashariki ikaanza kazi mwaka 1930. Lakini kwa Mwingereza Kiswahili kilikuwa lugha ya ngazi za chini. Aliyetaka kupanda alipanda kwa Kiingereza. TANU, iliyozaliwa Dar es Salaam tarehe 7 Julai 1954, ilikitwaa Kiswahili na kukifanya lugha ya mikutano ya hadhara nchi nzima, na siku hiyo ya Sabasaba leo inaadhimishwa mara mbili: kwa maonesho ya biashara katika viwanja vilivyoko Barabara ya Kilwa, Temeke, na kwa Siku ya Kiswahili Duniani iliyotangazwa na UNESCO mwaka 2021. Januari 1967 Rashidi Kawawa, Makamu wa Pili wa Rais, aliagiza shughuli zote za Serikali ziendeshwe kwa Kiswahili. Mwaka huohuo liliundwa Baraza la Kiswahili la Taifa, likatolewa andiko la Elimu ya Kujitegemea, na Kiswahili kikashika nafasi ya kufundishia masomo yote ya shule ya msingi.

Hapo palifungwa mkataba ambao hakuna aliyeutia saini. Raia waliombwa waweke kando lugha za makwao katika mambo yote ya umma, shuleni, ofisini, redioni, jukwaani, wapokee Kiswahili kiwe chao wote. Kwa upande wake, dola iliahidi kwamba Kiswahili hicho kitawafikisha popote: mtoto wa mkulima hatabaguliwa kwa lugha tena. Nusu ya kwanza ya mkataba imetimizwa na raia, na imetimizwa kwa ukamilifu unaoshangaza mataifa mengine. Nusu ya pili haijatimizwa mpaka leo, na wanaolipia deni hilo kila mwaka ni watoto wa mitaa kama Charambe, Tandika, Mwananyamala na Manzese.

Namna dola ilivyoziweka kando lugha za makabila inastahili kutazamwa vizuri, kwa sababu haikuwa marufuku ya wazi. Hakuna aliyefungwa kwa kuzungumza Kihehe. Sera ya Utamaduni ya mwaka 1997 inaziita lugha za jamii hazina, inahimiza watu wajivunie, inataka zifanyiwe utafiti na ziandikiwe kamusi. Lakini shuleni hazifundishwi wala hazifundishii. Kanuni za utangazaji zinavitaka vituo vya redio na televisheni vitumie Kiswahili au Kiingereza, isipokuwa kwa ruhusa maalumu. Maadili ya uchaguzi yanataka kampeni ziendeshwe kwa Kiswahili, na penye wasikilizaji wasiokielewa atafutwe mkalimani. Hazina imewekwa ndani na mlango wake hauna ufunguo. Kijiji cha Makumbusho kule Kijitonyama, pembeni mwa Barabara ya Bagamoyo, kina msonge wa Wahaya na nyumba za jadi za jamii nyingine, na jamii hupewa siku zao za kuonyesha ngoma, mapishi na mavazi. Siku hizo hupendeza kweli. Ila lugha haiishi kwa kuonyeshwa. Inaishi kwa kutumwa dukani.

Katika lugha zote za mji huu, iliyoumia zaidi ni ile ya wenyeji. Lugha nyingine zina kwao. Mtoto wa Kichaga aliyezaliwa Tegeta hupelekwa Rombo au Machame mwezi wa Desemba, na hata akirudi na maneno machache tu, amesikia bibi akigomba, akiomba na kusimulia kwa lugha ile. Wamakonde wa Mbagala wako jirani na mabasi ya kusini, na tangu Daraja la Mkapa lifunguliwe kwenye mto Rufiji mwaka 2003, Newala na Tandahimba si safari ya kusimuliwa tena. Wachongaji wa vinyago wa Mwenge wanaweza kukaa kutwa wakizungumza Kimakonde juu ya mpingo mmoja. Mzaramo hana pa kwenda likizo, kwa kuwa kwao ndiko hapa. Mbagala, Toangoma, Chamazi na vijiji vingine vya Uzaramo viligeuka mitaa. Mashamba yakapimwa au kukatwakatwa viwanja, yakauzwa kwa wageni, na wageni wakaja na lugha zao pamoja na Kiswahili cha kuzungumzia na mwenyeji. Mwenyeji akajibu kwa Kiswahili, kwa sababu ya ukarimu wa pwani, na kwa sababu Kiswahili kilikuwa kwake lugha ya dini, biashara na mjini tangu enzi za babu zake. Hata Kisarawe na Mkuranga, ambako Uzaramo bado ni Uzaramo, vijana wanazungumza Kiswahili baina yao.

Mahali pamoja Kizaramo kimegoma kuondoka, napo ni kwenye unyago. Mwali anapochezwa, kungwi bado anaimba nyimbo za Kizaramo, na wanawake wanaitikia. Wakati wa kumfunda mwali mwenyewe, hata hivyo, maelezo yanatolewa kwa Kiswahili, maana msichana amezijua nyimbo kwa sauti tu, maana zake hana. Mdundiko, ngoma iliyokuwa ikipita mitaani na kuzoa watoto njia nzima, umepungua. Midundo yake ilirithiwa na mchiriku, na baada yake singeli, muziki wa Uswahilini unaokwenda kasi mno, unaoimbwa kwa Kiswahili cha mitaani chenye misamiati inayobadilika kila msimu. Kwa hiyo si kweli kwamba Uzaramo umekufa Dar es Salaam. Ngoma imebaki, utani na Wanyamwezi umebaki misibani, majina ya mitaa yamebaki. Kilichotoka ni lugha, na imetoka bila kamusi kubwa, bila redio, bila hata darasa moja.

Herman Batibo, mwanaisimu Mtanzania aliyeandika sana juu ya kufa kwa lugha barani Afrika, alieleza mapema kwamba Tanzania tishio kwa lugha ndogo halitoki kwa lugha ya mkoloni, linatoka kwa Kiswahili chenyewe. Ni kauli nzito kwa wapenzi wa Kiswahili, na inapasa ipokelewe bila hasira, kwa sababu ni ya kweli. Kiswahili kimekua kwa kula ardhi ya ndugu zake.

Upande wa pili wa mizani nao ni mzito. Katika nyumba ile ya kupanga, binti wa Kipare anaolewa na kijana wa Kisukuma na wazee wa pande zote wanapatana mahari bila mkalimani. Mjumbe wa nyumba kumi, mwenyekiti wa serikali ya mtaa, mwalimu, askari, muuguzi, wote wanaongea lugha moja na mwananchi, na mwananchi anaweza kuwajibu. Vyama vya siasa vya kikabila vimezuiwa na sheria, lakini sheria hiyo isingeshika kama wapiga kura wa Temeke wangekuwa hawaelewani. Nchi jirani ya Kenya ilichukua njia nyingine: watoto wa madarasa ya mwanzo wakafundishwa kwa lugha ya eneo lao, na kuanzia mwaka 2000 redio za lugha za makabila zikaota kila kona. Lugha zimepata uhai ambao Kizaramo hakijawahi kuuota. Lakini baadhi ya redio hizo zilikuja kulaumiwa kwa kuchochea uhasama katika vurugu za baada ya uchaguzi wa 2007. Afrika Kusini iliandika lugha 11 katika katiba yake baada ya ubaguzi wa rangi, ikaongeza lugha ya alama mwaka 2023, na bado Kiingereza ndicho kinachotawala vyuo na mabunge yake. Indonesia, yenye mamia ya lugha, ndiyo iliyofanana zaidi na Tanzania: vijana wake waliapa mwaka 1928 kuwa na lugha moja ya umoja, wakachagua ile ya biashara ya pwani badala ya Kijava chenye watu wengi. Tofauti ni kwamba Indonesia waliipandisha lugha yao hadi sekondari na chuo kikuu. Tanzania iliishia mlangoni.

Mlango huo ni kidato cha kwanza. Mtoto wa shule ya msingi ya Serikali, ambayo watu wa mjini wanaiita Kayumba, amesoma hisabati, sayansi na maarifa ya jamii kwa Kiswahili miaka saba. Anajua sehemu na asilimia, anajua mmeng'enyo wa chakula, anaweza kueleza usanisinuru na kuuchorea jani. Januari anavaa sare mpya, anapewa wiki kadhaa za kunoa Kiingereza, kisha masomo yote, isipokuwa Kiswahili na mengine machache sana, yanageuka Kiingereza. Maarifa aliyokuja nayo hayatakiwi tena kwa jina alilolijua. Darasani kuna wanafunzi wengi kuliko madawati. Mwalimu wa baiolojia anauliza swali kwa Kiingereza, kimya. Analirudia kwa Kiswahili, mikono ishirini inanyanyuka, mjadala unawaka, mtoto wa nyuma anabishana na wa mbele kuhusu moyo na mishipa. Kengele inapokaribia, mwalimu anageuka ubaoni, anaandika nukuu kwa Kiingereza, na darasa zima linainama kunakili. Kilichoeleweka kilikuwa kwa Kiswahili. Kitakachopimwa ni kile cha ubaoni. Mlangoni pa ofisi pamebandikwa tangazo la kukataza Kiswahili eneo la shule, na mwalimu aliyelibandika analivunja kila siku ili watoto wa watu waelewe.

Mwalimu huyo halaumiwi hapa. Anafanya kazi ya ukalimani ambayo hakufundishwa na halipwi kwa ajili yake.

Jambo hili limejulikana kwa zaidi ya miaka 40. Tume ya Rais ya Elimu iliyoongozwa na Jackson Makweta ilipendekeza mwaka 1982 kwamba kidato cha kwanza kianze kufundishwa kwa Kiswahili Januari 1985 na vyuo vikuu vifuate mwanzoni mwa miaka ya 1990. Serikali ililikataa pendekezo hilo. Mwaka 1984 uchunguzi wa Criper na Dodd, uliogharimiwa na Uingereza, ulionyesha kwamba wanafunzi wengi wa sekondari hawakuwa na Kiingereza cha kuwawezesha kusomea masomo mengine. Hata hivyo ushauri ukawa kukiimarisha Kiingereza. Mtafiti Halima Mwinsheikhe alijaribu kufundisha baiolojia kwa Kiswahili sekondari, na wanafunzi waliofundishwa kwa Kiswahili walielewa na kushiriki zaidi. Martha Qorro wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam amerudia kwa miaka hoja moja ambayo haijapata jibu la maana: kufundisha Kiingereza ni jambo jema na linatakiwa lifanywe vizuri, na kufundisha kwa Kiingereza ni jambo lingine kabisa. Sera ya Elimu na Mafunzo ya mwaka 2014, iliyozinduliwa Februari 2015 jijini Dar es Salaam, hatimaye ilitamka kwamba Kiswahili kitatumika kufundishia katika ngazi zote. Haikutekelezwa. Toleo la 2023 la sera hiyo, lililozinduliwa mwaka 2025, limekiacha Kiswahili shule ya msingi na Kiingereza sekondari. Katiba ya mwaka 1977 nayo haina ibara inayokitaja Kiswahili kuwa lugha ya taifa wala lugha rasmi. Kifungu hicho kiliandikwa katika Katiba Inayopendekezwa ya mwaka 2014, ambayo haikufikia kupigiwa kura ya maoni.

Wazazi wa mitaani hawakukaa kusubiri. Saa kumi na moja alfajiri mabasi ya njano ya shule za mchepuo wa Kiingereza yanapita Mbagala Rangi Tatu, Mbezi na Bunju yakiokota watoto wenye usingizi. Ndani yake wamo watoto wa mabosi, na wamo pia watoto wa mama anayeuza vitumbua kwa miaka ili ada itimie. Ni kosa kusema mama huyo ana kasumba. Ameutazama mtihani wa kidato cha nne, akaona umeandikwa kwa lugha gani, akafanya hesabu. Mwenye uwezo anamnunulia mtoto miaka saba ya kujiandaa na lugha ya mtihani. Asiye na uwezo anampeleka Kayumba na kumwombea. Ubaguzi wa lugha ambao mkataba wa 1967 uliahidi kuumaliza umerudi kwa njia ya ada, na sasa unawatenganisha watoto wa uani mmoja. Tena kuna matokeo ya pili: katika nyumba nyingi ambazo Kipare au Kimakonde kilishaachwa ili mtoto awe na Kiswahili safi, sasa Kiswahili nacho kinapunguzwa ili mtoto azoee Kiingereza, na bibi akija kutoka kijijini anaongea na mjukuu wake kwa maneno machache.

Kwamba mambo yanaweza kubadilika, mahakama zimeonyesha. Mahakama za mwanzo zimeendesha kesi kwa Kiswahili tangu zamani, na mkazi wa Temeke aliyegombania mpaka wa kiwanja alifuata kila neno la kesi yake. Akikata rufaa hadi Mahakama Kuu, kesi ileile iliandikwa kwa Kiingereza, naye akawa mtazamaji wa mali yake mwenyewe. Jaji Zephrine Galeba akiwa Mahakama Kuu Musoma aliandika hukumu kwa Kiswahili, na Februari 2021 Rais John Magufuli alimpandisha Mahakama ya Rufani akitaja jambo hilo hadharani. Mwezi huohuo Bunge lilipitisha marekebisho, yakawa Sheria Namba 1 ya mwaka 2021, kwamba Kiswahili ndicho lugha ya sheria na ya mahakama. Kwa miaka mingi wanasheria walikuwa wakiambiwa kwamba istilahi hazitoshi. Istilahi zilitungwa, zikatumika, na zinaendelea kuzoeleka.

Hoja ya istilahi haisimami shuleni pia. Kamusi ya baiolojia, fizikia na kemia ilishatolewa na Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili, na katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam tasnifu za uzamivu za Kiswahili zinaandikwa na kutetewa kwa Kiswahili. Somo la Historia ya Tanzania na Maadili tayari linafundishwa kwa Kiswahili sekondari. Lugha za jamii nazo hazihitaji kuondoa kitu ili zipate nafasi: saa moja kwa wiki katika shule za msingi za Kisarawe na Mkuranga, kwa Kizaramo, ikifundishwa na wazee ambao bado wapo, haiwezi kuvunja umoja wa nchi ambayo watu wake wameshaelewana kwa vizazi vitatu.

Na kuhusu mtihani, Baraza la Mitihani limekuwa likitunga karatasi ya hisabati ya darasa la saba kwa lugha mbili, swali lilelile, alama zilezile: ya Kiswahili kwa mtoto wa Kayumba, ya Kiingereza kwa mtoto wa mchepuo. Wote wawili husahihishwa, hupangwa na kuchaguliwa kwa orodha moja, na hakuna anayedai kwamba mmoja amefanya mtihani wa bure. Utaratibu huohuo ungeweza kwenda hadi kidato cha nne, shule inayotaka Kiingereza ikabaki nacho, na mtoto wa Charambe akajibu swali la moyo na mishipa kwa lugha aliyobishania darasani. Vinavyohitajika ni vitabu, mafunzo ya walimu na mwaka wa kuanzia. Mwaka wa kuanzia ulishawahi kupangwa: Januari 1985.